Mtambaazi yupi?

Mwezi uliopita nilikuwa natafsiri maneno ya filamu moja ya upelelezi ili yasomwe kwa Kiswahili juu ya picha. Mle ndani kuna mwanasheria mzee. Amekaa nyuma ya meza yake, hapepesi macho, hatikisi hata kidole, anamwacha mgeni aseme mpaka maneno yamwishie mdomoni. Hati ya Kiingereza ilimmaliza kwa neno moja tu: reptilian. Mtazamaji wa kule akilisikia ameshamjua mzee. Mimi nikafungua kamusi, nikakuta maelezo kuhusu mnyama mtambaazi, yaani nyoka, mjusi, mamba na wenzao, nikaandika: "Alikuwa na utulivu wa mtambaazi." Nikapeleka ukurasa studio bila wasiwasi.

Dada anayesoma alipofika hapo akanyamaza. Akavua hedifoni. "Kaka, kwani huyu mzee hatembei?"

Filamu nzima mzee yule anatembea kwa miguu yake miwili, tena ndani ya viatu vya bei. Lakini sikio la dada lilikuwa sahihi kuliko kamusi yangu. Ukimwambia Mswahili kwamba fulani ni mtambaazi, hamwoni mtu mwenye jicho lisilosema kitu. Anamwona mtu anayetambaa.

Na kutambaa kwa Kiswahili hakuna ubaya wowote. Mtoto wa miezi minane akianza kutambaa nyumba nzima inapiga makofi. Mboga ya maboga inatambaa mpaka kwa jirani, na jirani akichuma majani hakuna kesi. Ule mti mrefu unaolazwa juu ya ukuta ili kubeba paa unaitwa mtambaapanya, kwa kuwa ndio barabara kuu ya panya, na panya hahusiki na nyoka ila kwa kuliwa naye. Mtambaazi ni neno safi, la darasani. Limewekwa kupanga wanyama kwenye makundi, na kazi hiyo linaifanya vizuri. Kumpa mtu tabia halijawahi kutumwa.

Ajabu ni kwamba lile neno la Kiingereza nalo, ukilichambua, ni kutambaa vilevile. Limetoka kwenye kitenzi cha Kilatini repere, maana yake kutambaa. Kilatini kilikuwa na kitenzi kingine cha maana hiyohiyo, serpere, na ndicho kilichozaa jina la nyoka katika lugha kadhaa za Ulaya. Wagiriki walisema herpein. Waarabu huwaita wanyama hawa zawahif, kutoka zahafa, kujikokota kwa tumbo. Waliotafsiri Biblia ya Union Version nao, walipofika sura ya kwanza ya Mwanzo, waliandika "kitu kitambaacho". Wote hao walitazama jambo moja: tumbo liko chini.

Kile kitenzi cha Kigiriki kimetutembelea hata hospitalini. Ugonjwa wa herpes umeitwa hivyo kwa sababu vipele vyake vinatambaa ngozini. Ipo aina yake inayozunguka ubavu mmoja wa mwili, nayo madaktari huiita herpes zoster. Zoster kwa Kigiriki ni mkanda. Sisi tunaiita mkanda wa jeshi. Mgiriki na Mswahili waliona mkanda uleule, sisi tukaongeza jeshi.

Sasa kama mzizi ni mmoja, kwa nini neno la Kiingereza limebeba macho makavu, magamba, hila na sumu, na letu halikubeba kitu? Nadhani ni kwa sababu Mwingereza hasikii tena kutambaa ndani ya neno lake. Kilatini kimekufa, mzazi wa neno amesahaulika, na neno lililosahau mzazi wake lina nafasi ya kutwishwa mizigo mingine. La kwetu halijasahau. Kila ukisema mtambaazi, kitenzi kiko wazi kinasikika, na mtoto wa miezi minane anapita mbele ya macho.

Kuna watakaosema, basi tumia reptilia. Mwanafunzi wa shule ya msingi Tanzania analijua neno hilo. Ameshakariri samaki, amfibia, reptilia, ndege na mamalia mpaka akawaota. Shida ni kwamba "utulivu wa reptilia" unanuka chaki. Na kundi lenyewe halijatulia kama daftari linavyodai. Carl Linnaeus, mtaalamu wa Uswidi aliyepanga viumbe kwa makundi, katika kitabu chake cha mwaka 1758 aliwachanganya wanyama hawa na vyura katika kundi moja la Amfibia. Siku hizi wanaofuatilia nasaba za viumbe wanatuambia kwamba katika wanyama walio hai, ndugu wa karibu zaidi wa mamba ni ndege. Yaani mamba na kuku wako karibu kuliko mamba na mjusi, pamoja na mfanano wote ule wa mkia na magamba. Ukimwambia mtaalamu kwamba mtu fulani ana tabia za reptilia, ana haki ya kukuuliza: kama kuku?

Kwa hiyo nikaacha kutafuta neno, nikaanza kusikiliza watu. Niligundua kwamba Kiswahili hakimsemi mtu kwa kundi. Kinataka umtaje mnyama mwenyewe, na kila mnyama ana kesi yake.

Nyoka ndiye mwenye mashtaka mengi. Ukimkuza hawi "jinyoka", anakuwa joka, kama nyumba inavyokuwa jumba. Ukimdogosha ni kijoka. Na akishakuwa joka, hata sarufi inamgeuka: nyoka yule aliingia, joka lile liliingia. Hiyo li- ni silaha. Mtu akitaka kukuonyesha kwamba amekutoa kwenye safu ya viumbe wenye nafsi, anakuvisha li-, halafu ndio anakutukana.

Nilipokuwa mdogo usiku hatukuruhusiwa kumtaja. Bibi akisikia chakari-chakari kwenye makuti ya paa, hakusema kuna nini. Alisema tu, "Kuna kamba," kwa sauti ileile ya kuomba chumvi, na sisi wote tukapandisha miguu kitandani. Asubuhi ndipo kamba ilirudishiwa jina lake. Si pwani peke yake: Wakikuyu wana nyamũ ya thĩ, mnyama wa ardhini, ambaye kila mtu anajua ni nani. Kwa mzunguko huo wa adabu wanakaribia kabisa lile wazo la tumbo liko chini. Ukienda Bujumbura au Kigali, inzoka ni nyoka na ni minyoo pia, kwa hiyo mtu akilalamika kwamba inzoka zinamsumbua, muulize kwanza kama ni za shambani au za tumboni.

Lakini nyoka si mbaya tu. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, sawa, na mtoto wa nyoka ni nyoka, sawa. Ila Mathayo huyohuyo ambaye Yohana Mbatizaji wake anawaita Mafarisayo wazao wa nyoka, sura chache mbele anamnukuu Yesu akiwataka wanafunzi wawe na busara kama nyoka. Na kwa Wasukuma kuna chama cha Bayeye, mabingwa wa nyoka, wanaomjua kwa dawa na kumbeba mabegani mbele ya umati wakati wa ngoma. Mtu wa huko ukimwambia ana mambo ya nyoka, anaweza kukuuliza unalipa shilingi ngapi.

Halafu kuna majoka mawili ambayo mtafsiri anapaswa kuyaweka mfukoni. La kwanza ni joka la kibisa, kubwa, la kutisha, lisilouma. Sheria isiyomfunga mtu, tume isiyo na meno, mzee wa mtaa anayefoka tu: hao ni majoka ya kibisa. La pili ni joka la mdimu. Wahenga wanasema joka la mdimu hulinda watundao. Lenyewe halili ndimu. Limejilaza tu katikati ya miiba na majani, rangi moja na tawi, linawangoja wanaokuja kutunda. Hili la pili nililiandika pembeni ya karatasi nikalipigia mstari, nitalirudia.

Kabla hatujamwacha nyoka, kuna mmoja ambaye kila siku yuko midomoni mwetu na hatumwoni. Ndumilakuwili. Mtu wa maneno mawili, huku anakuchekea na kule anakuchongea. Waulize watu kumi neno hili limetoka wapi, wengi watakujibu undumilakuwili ni unafiki, basi. Lisikilize lakini: mna kuuma, na mna kuwili, yaani pande mbili. Ndumakuwili ni nyoka, yule mdogo wa udongoni ambaye mkia wake ni butu kama kichwa, na watu wakaamini ana vichwa viwili na anauma kotekote. Mnyama wa namna hiyo yupo kweli, isipokuwa kichwa ni kimoja. Akishikwa anaficha kichwa na kuchezesha mkia, ili adui apige upande usioua. Ulaghai wake ni wa kujiokoa. Sisi ndio tuliomchukua tukampeleka kwenye siasa na ndoa. Hapo neno letu limefanya kilekile ambacho neno la Kiingereza lilifanya: limemsahau mnyama, likabaki na tabia.

Kinyonga naye tumemwonea. Anayehama chama kila uchaguzi ni kinyonga. Mombasa utasikia lumbwi. Lakini kinyonga mwenyewe habadiliki rangi ili kufanana na jani alilokalia, si hasa. Hubadilika kwa joto na baridi, kwa hasira, kwa kumtaka jike, kwa kumtisha dume mwenzake. Mwaka 2015 watafiti wa Geneva walionyesha kinachotokea kwa kinyonga mmoja wa Madagaska: chini ya ngozi kuna chembe zilizojaa vijifuwele, naye akitaka kubadilika anavitenga au kuvibana, na nuru inayorudi inakuwa ya rangi nyingine. Kwa maneno mengine, kinyonga anaweka wazi kilichomo ndani yake. Mwanasiasa anafanya kinyume. Kama mnyama huyu angekuwa na wakili, sisi wasemaji wa Kiswahili tungelipa fidia.

Malipo kidogo tumepata kumpa, kwa jina. Mwaka 2006 wataalamu waliwatenga baadhi ya vinyonga wa milima na misitu ya Afrika Mashariki kutoka kwenye jenasi, yaani kundi la ndugu wa karibu, waliyokuwamo na kuwapa jenasi yao, Kinyongia. Ndiyo, kutoka Kiswahili. Wapo wa Usambara Mashariki, wapo wa Usambara Magharibi. Mmoja wao, Kinyongia magomberae, alipewa jina mwaka 2009, na namna alivyopatikana inachekesha. Mtafiti wa Kiingereza, Andrew Marshall, alikuwa katika msitu wa Magombera, Tanzania, akishughulika na nyani na kima, akamshtua nyoka aliyekuwa anakula. Nyoka akatema mlo akakimbia. Mlo ulikuwa kinyonga ambaye sayansi haikuwa imemwandika.

Sarufi inamlinda kinyonga kidogo. Kiswahili kinapenda kutengeneza namna ya kufanya jambo kwa ki-: kitoto, kizee, kinyama. Nyoka anakubali, unaweza kusema mwendo wa kinyoka ukaeleweka. Kinyonga ki- anayo tayari, kwa hiyo huwezi kumwongeza nyingine bila kujing'ata ulimi. Ndiyo maana tunamzunguka: siasa za kinyonga, au ukinyonga. Na tukisema mwendo wa kinyonga tumeshasahau rangi, tunasema polepole tu, hatua mbele, kuyumba, kusita, kama barabara ya mtaani kwetu inavyojengwa.

Hiyo kinyama niliyoitaja ingeweza kunidanganya. Ndiyo njia rahisi ya kumwita mtu mnyama bila kutaja mnyama gani. Ila mauaji ya kinyama yana makelele, yana damu ukutani, yana mtu aliyepandwa na kichaa. Mzee wa filamu hana hata jasho.

Nikaenda kwa mamba na kenge, maana ni wa moja kwa moja zaidi. Katika msafara wa mamba na kenge wamo. Methali hii inatumika kila siku, harusini, bungeni, kwenye usaili wa kazi, na ubora wake ni kwamba haimtukani mtu kwa jina. Kila msikilizaji anamtafuta kenge wake mwenyewe. Kenge anafanana na mamba kwa mbali, mwili na mkia, lakini heshima ya mamba hana. Tena ana sifa ya ukaidi: kenge hasikii mpaka aone damu. Ukiambiwa una masikio ya kenge, jua umeonywa mara tatu na hii ni ya nne.

Naomba nafasi ya kuchepuka. Kuna mwongozo wa mabaharia ulioandikwa kwa Kigiriki katika karne ya kwanza, Periplus wa Bahari ya Eritrea, na ni katika maandishi ya mwanzo kabisa yanayoeleza pwani yetu. Mwandishi anafika kisiwa anachokiita Menouthias, ambacho wengine wanasema ni Pemba, wengine Unguja, wengine Mafia. Anataja mito, ndege wa kila aina na kobe. Kisha anaandika kwamba wanyama wakali hakuna, isipokuwa mamba, ila mamba wa hapo hawamdhuru mtu. Mamba wasiodhuru mtu! Mimi nasema aliona kenge. Kwa Kigiriki krokodeilos lilikuwa jina la mjusi kabla halijawa la mamba. Mwanahistoria wa kale Herodotus anaeleza kwamba Wagiriki wa Ionia waliwaita mamba wa Misri kwa jina la mijusi wa kwenye kuta zao. Kwa hiyo karibu miaka 2000 iliyopita msafara wa mamba uliandikwa, na kenge walikuwamo.

Mamba mwenyewe ana kesi mbili za kubambikiwa. Ya kwanza ni machozi. Machozi ya mamba tumeyapokea kutoka Ulaya na yamekaa vizuri, hakuna anayeyaona mageni tena: ni kilio cha mtu anayekula huku akisikitika. Ukweli ni kwamba mamba ana tezi za machozi na anaweza kulia akiwa anakula. Mtafiti Kent Vliet wa Florida aliwatazama wanyama saba wa ukoo huo wakilishwa nchi kavu, na watano walitoa machozi. Hawakuwa wakisikitika. Taya zilikuwa kazini na pumzi zinasukumwa kwa nguvu, basi maji yakatoka.

Kesi ya pili ni ya watafsiri, na nimeiona kwa macho yangu kwenye kipindi cha wanyama. Mtangazaji alikuwa akisema kuhusu nyoka wa Afrika kusini mwa Sahara ambaye Kiingereza kinamwita black mamba, na maandishi ya Kiswahili chini yakasomeka "mamba mweusi". Picha inaonyesha nyoka mrefu, mwembamba, ameinua kichwa, na maandishi yanasema ni mamba. Kwa Wazulu imamba ni nyoka, na Waingereza wakalichukua lilivyo. Kwetu mamba ni wa mtoni. Nyoka yule sisi tunamwita koboko. Kenya watu wazima wanaijua Black Mamba nyingine, ile baiskeli nzito ya kubebea magunia, na hiyo angalau haina sumu.

Kobe hana mashtaka. Ukimwona kobe kainama, jua anatunga sheria. Ni mnyama pekee wa kundi hili tuliyempa ubunge. Mjusi kafiri wa ukutani alipata jina lake baya kwa kisa kinachosimuliwa na Waislamu, kwamba aliupuliza moto aliotupwa Nabii Ibrahimu, ilhali usiku kucha anatulia mbu na hatudai kitu.

Kuhusu magamba lazima niseme, kwa sababu ndiyo mara moja ambapo nchi nzima ilimzungumza reptilia bila kumtaja. Mwaka 2011, wakati Jakaya Kikwete akiwa mwenyekiti, CCM, chama tawala cha Tanzania, ilitangaza kwamba itajivua gamba: waliotajwatajwa katika kashfa wapime wenyewe na kuondoka. Usemi ukapaa. Julai mwaka huo mbunge wa Igunga alijiuzulu, Oktoba ukafanyika uchaguzi mdogo, na kufikia wakati huo wapinzani walishaligeuza neno. Wana-CCM wakaitwa magamba. Jibu la mtaani lilikuwa la kibaolojia kabisa: nyoka akijivua gamba anabaki nyoka. Ni kweli tupu. Anajivua kwa sababu ngozi ya nje haikui naye. Anayetoka ni yuleyule, madoa yaleyale, ameongezeka tu ukubwa na kung'aa. Aliyebuni usemi alitaka usafi. Mnyama aliyemchagua akaleta maana yake mwenyewe. Angeomba tembo.

Hata hivyo gamba si la reptilia peke yake. Samaki ana magamba, na sokoni Feri mtu akisema "nitolee magamba" hakuna anayewaza siasa wala nyoka. Kwa hiyo hata ngozi haikunisaidia kwa mzee yule, ambaye kwa vyovyote alijipaka mafuta vizuri.

Kilichonipa jibu ni baridi. Kwa Kiingereza wanyama hawa wana damu baridi, na kutoka hapo ubaridi umekuwa ukatili: kuua kwa damu baridi ni kuua bila moyo kwenda mbio. Magazeti yetu yanaandika hivyo pia siku hizi. Mnyama mwenyewe hana hatia. Mjusi aliyeota jua juu ya jiwe damu yake ina joto kama langu na lako. Tofauti ni kwamba yeye joto analiokota nje, sisi tunalipika ndani. Lakini kilichonisumbua zaidi ni Kiswahili. Kwetu ubaridi ni neema. Mambo? Poa. Hasira zimepoa. Ukisema mwanasheria yule alikuwa baridi, msikilizaji atafikiri ni mtu mpole, au amechoka.

Mahali ambapo Kiingereza kinaweka baridi, sisi tunaweka ukavu. Mtu asiye na haya ana macho makavu. Anayekukatalia mkopo bila kukunja uso ni mkavu. Mtaani Dar ataitwa kauzu, kama dagaa aliyeanikwa mpaka akaisha maji. Na anayekuumiza bila kujisikia ana roho ngumu, si roho baridi. Hapo ndipo mzee wa filamu alipokuwa amekaa muda wote, kwenye ukavu, na mimi nilikuwa namtafuta mtoni.

Kuna matumizi mawili ya kisasa ya neno hili ambayo yanaingia Kiswahili kwa video za simu. Moja ni ubongo wa reptilia, unaopendwa na wahamasishaji: ati chini ya akili yako kuna mjusi wa kale anayetaka kula, kupigana na kukimbia, na juu yake umejengwa utu. Wazo hilo ni la Mmarekani Paul MacLean, wa miaka ya 1960, na wanaosoma ubongo wamelikataa siku nyingi. Ubongo haukujengwa kama ghorofa, kila zama na chumba chake. Sehemu zilezile kuu zimo kwa samaki, kwa mjusi na kwa mtu, zikakua tofauti. Jingine ni watu-mijusi, viumbe waliojificha ndani ya wafalme na marais, hadithi iliyoenezwa sana na Mwingereza David Icke. Kampuni moja ya kura za maoni ilipowauliza Wamarekani mwaka 2013, asilimia 4 walisema wanaamini. Ukipewa kazi ya kutafsiri mojawapo ya hayo, andika reptilia bila kusita, maana hapo mnyama hatajwi kwa tabia yake. Ni jina la nadharia, liache na koti lake.

Nilirudi studio na mistari miwili. Wa kwanza: "Mzee alikuwa na macho makavu." Mfupi, wazi, lakini ulipoteza ule utulivu, yule mnyama anayengoja. Wa pili niliutoa pembeni ya karatasi yangu. Niliogopa vijana wasioujua mdimu, kwa hiyo kabla ya kurekodi nilimsomea mlinzi wa getini, kijana wa Shinyanga. Akanitazama kidogo. "Huyo anangoja mtu ajichome mwenyewe," akasema.

Dada akavaa hedifoni. "Macho makavu," akasoma, "katulia kama joka la mdimu." Sekunde tatu na nusu, picha ikawa imeshahamia kwa mgeni anayejifuta jasho. Anayesimamia kazi akauliza mdimu umefikaje kwenye ofisi ya London. Dada akamwambia umepandwa na mtafsiri, tuendelee na ukurasa wa kumi na mbili.